Nafsineni na Mgombea: "Ndio Mzee" ya Professor Jay, kutoka Kaseti ya 2001 hadi Jimbo la Mikumi

IKISIRI

Makala haya yanachunguza wimbo "Ndio Mzee" uliomo katika albamu ya kwanza ya binafsi ya Professor Jay, Machozi, Jasho na Damu (2001), kwa kuuhusisha na kuchaguliwa kwa msanii huyo kuwa mbunge wa Mikumi mwaka 2015. Hoja kuu ni kwamba tashtiti ya wimbo huo haimo katika ahadi za chuku peke yake, bali imejengwa zaidi katika kiitikio. Aidha, makala yanadai kuwa tukio la 2015 linaulazimisha uhakiki wa fasihi ya Kiswahili kulitazama upya pengo lililozoeleka kati ya mtunzi na nafsineni.

1.0 Utangulizi

Katika uchaguzi mkuu wa tarehe 25 Oktoba 2015, wapiga kura wa Jimbo la Mikumi, wilayani Kilosa, mkoani Morogoro, walimchagua Joseph Haule wa CHADEMA kuwa mbunge wao. Kwa wapenzi wa muziki wa kufoka, jina hilo halikuwa geni, wala hawakulijua kwa sababu tu kwamba ndilo jina halisi la msanii Professor Jay. Miaka kumi na minne kabla ya hapo lilikuwa limekwisha kusikika jukwaani, katika kampeni ya kubuni. Mwanasiasa anayehutubia katika "Ndio Mzee" hakupewa jina la kupanga kama wapewavyo wahusika wengi wa tashtiti. Anajitambulisha kwa umati kuwa yeye ni Joseph Haule.

Uamuzi huo wa kisanaa haujapewa uzito unaostahili. Wanafunzi wa fasihi hufundishwa mapema kwamba anayesema "mimi" katika shairi si lazima awe mshairi, na ndiyo maana istilahi nafsineni ikazoeleka madarasani. Fundisho hilo ni sahihi na lina faida, kwani limewaepusha wengi na kosa la kusoma kila utenzi kama wasifu wa mtunzi wake. Lakini mtunzi akimpa nafsineni jina lake mwenyewe, jina lililo katika cheti cha kuzaliwa wala si la jukwaani, anafanya jambo ambalo fundisho hilo halikulitazamia. Na jina hilo likichapwa baadaye katika karatasi halisi ya kura, uhakiki hauna budi kuuliza nini kimeupata wimbo.

2.0 Albamu, kaseti na suala la matini

Kabla ya 2001 Haule alikuwa mmoja wa Hard Blasters, kundi ambalo wanachama wake wengine waliojulikana sana ni Fanani na Big Willy. (Wasomi wa fasihi simulizi watatabasamu kuona kwamba istilahi yao ya mtendaji wa sanaa simulizi ilikuwa pia jina la mfokaji.) Albamu ya kundi hilo, Funga Kazi, ilitoka mwaka 2000, na wimbo wake "Chemsha Bongo" uliwashawishi watu wazima wengi, waliokuwa wakiuona muziki huu kama uhuni wa vijana, kwamba ndani yake mnaweza kuwamo mafunzo na utunzi wenye nidhamu. Machozi, Jasho na Damu ikafuata mwaka mmoja baadaye. Jina la albamu hiyo lina mwangwi wa hotuba mashuhuri ya Churchill ya mwaka 1940, ingawa mpangilio wa maneno umebadilishwa na "taabu" imeachwa. Sikio la Kiswahili linausikia utatu huo kuwa ni wa mkulima na mpagazi zaidi kuliko wa askari.

Ni muhimu kukumbuka kuwa albamu hizo zilikuwa kaseti. Kaseti ilikuwa na upande wa kwanza na wa pili, na mpangilio wake haukurukwa kwa urahisi: msikilizaji aliyeutaka wimbo wa nne alilazimika kuipeleka mbele kwa kubahatisha, na mara nyingi alichoka akazisikiliza zote. Biashara yake ilikuwa mikononi mwa wasambazaji wachache wa Kariakoo, Dar es Salaam, na malalamiko ya wasanii kuhusu mapato yao yalikuwa ya kudumu. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Na. 7 ya 1999, iliyoiunda COSOTA, ilikuwa changa bado, na kunakili kaseti kulihitaji redio yenye milango miwili tu.

Chombo hicho sasa kimekufa, na pamoja nacho albamu kama matini imepoteza umbo lake. Wimbo mmoja mmoja umeokoka redioni na katika mtandao wa intaneti, ukiwa umekatwa kutoka kwa nyimbo jirani zake. Mhakiki anayeusoma "Ndio Mzee" leo yu katika hali ya mtu aliyekabidhiwa shairi moja lililochanwa kutoka diwani. Shairi bado ni shairi, lakini kilichotangulia na kilichofuata hakionekani. Diwani huhifadhiwa maktaba. Kaseti za miaka ya 1990 na 2000 zilihifadhiwa, kama zilihifadhiwa, katika kabati za nyumbani na maduka, ambako joto na vumbi havikuzihurumia. Idara zinazosomesha fasihi simulizi zimejitahidi kukusanya ngano na tendi. Nyimbo za kaseti hazikubahatika kupata mkusanyaji mwenye bidii kama hiyo, pengine kwa sababu zilidhaniwa kuwa haziwezi kupotea.

Tena zipo ambazo hazikufika hata katika kaseti. Birgit Englert, katika makala yake ya mwaka 2003, aliwachunguza vijana wa Morogoro waliokuwa wakiitwa "andagraundi", yaani waliotunga na kutumbuiza bila ya kuwa na albamu sokoni. Studio na vituo vikubwa vya redio vilikuwa Dar es Salaam, yapata kilomita 190 kutoka Morogoro mjini. Kijana wa Kilosa au Mikumi alikuwa mbali zaidi. Kwa hiyo, tunapozungumzia athari ya kudumu ya albamu moja, tunazungumzia pia bahati ya kuwa karibu na mtambo. Wimbo kuhusu mgombea unaweza kuwa ulitungwa katika wilaya nyingi za Tanzania baada ya uchaguzi wa 2000. Huu ndio uliosikika.

3.0 Kampeni kama utanzu

Hotuba ya kampeni ni utanzu wenye kanuni zake. Ina salamu na kiitikio cha salamu, utambulisho wa ukoo na asili, orodha ya matatizo ambayo hadhira inayajua kuliko msemaji, kisha ahadi. "Ndio Mzee" inafuata kanuni hizo kwa uaminifu mkubwa, na hapo ndipo ustadi wake unapoanzia. Mgombea anajitambulisha kwa kujinasibisha na wanyonge. Anaahidi kuufuta umaskini na kuigeuza Tanzania iwe kama Ulaya. Ahadi zinapanda ngazi kwa ngazi mpaka mabomba yatoe maziwa na wanafunzi wafanyie majaribio yao ya sayansi mwezini. Kila baada ya fungu la ahadi anauuliza umati kama unayataka hayo, na umati unajibu kwa maneno mawili ambayo ndiyo jina la wimbo.

Wahakiki wengi, wakiwamo walioandika kwa lugha za kigeni, wameivutiwa zaidi na chuku hiyo. Ni kweli inachekesha. Lakini chuku peke yake si tashtiti. Mtambaji wa ngano naye humpeleka sungura mwezini na hakuna serikali inayokasirika. Kinachoigeuza chuku ya "Ndio Mzee" kuwa shutuma ni kwamba sauti ya umati haibadiliki. Ahadi inayowezekana na ahadi isiyowezekana zinajibiwa kwa kauli ileile, kwa mpigo uleule na kwa furaha ileile. Msikilizaji anaanza kwa kumcheka mgombea, na bila ya kutambua anajikuta, kwa kuwa kiitikio ni chepesi na kitamu, akiitikia yeye mwenyewe. Kwa namna hiyo tashtiti inahama. Inamwacha msemaji na kuwageukia wasikilizaji.

Yafaa hapa kulinganisha na ngonjera. Mathias Mnyampala alipoukuza utanzu huo baada ya Azimio la Arusha, muundo wake ulikuwa wa majibizano: asiyejua anapinga, anayejua anaeleza, na mwishoni wote wanakubaliana. Makubaliano ya ngonjera yalikuwa zawadi ya hoja, hata kama mara nyingi mshindi alijulikana tangu ubeti wa kwanza. Katika "Ndio Mzee" hatua ya katikati imeondolewa. Hakuna anayepinga wala anayeuliza. Umati unaanza pale ngonjera inapomalizia. Kwa maana hiyo wimbo unaweza kusomwa kama ngonjera iliyotobolewa tumbo, na aliyekulia katika shule za msingi za Tanzania, akikariri ngonjera mbele ya mgeni rasmi, hahitaji kuelezwa utamu wa mzaha huo.

Kuna historia pia katika neno lenyewe. Kiswahili kimekuwa na msemo wa "hewala bwana" kwa ajili ya mtu asiyekataa lolote mbele ya mkubwa. "Ndiyo mzee" ni ndugu yake wa zama za ofisi na chama, ambapo "mzee" ni heshima ya cheo kabla ya kuwa heshima ya umri. Katika mfumo wa chama kimoja umati ulizoezwa viitikio vilivyokwisha tungwa, kikiwamo kile cha kuziombea fikra za Mwenyekiti zidumu. Uchaguzi wa vyama vingi wa 1995 na ule wa 2000 ulileta wagombea wengi jukwaani. Wimbo unadai kwamba haukuleta kiitikio kipya. Hiyo ni hoja ya kisiasa yenye uzito, na imetolewa bila ya kutaja chama chochote.

(Kuhusu tahajia: maandishi ya wengi hulitaja jina la wimbo kwa "ndio", ambapo Kiswahili sanifu kingetaka "ndiyo" kwa maana ya kukubali. "Ndio", kwa kanuni za upatanisho wa kisarufi, ni ya "mti ndio" au "watu ndio". Si lengo la makala haya kumsahihisha msanii, ila inapendeza kuona kwamba tahajia ya mtaani imeweka, bila ya kukusudia, kivuli cha "watu ndio" ndani ya jina la wimbo unaowahusu watu.)

Muktadha wa kisheria wa wakati huo haupaswi kusahauliwa. Marekebisho ya Sheria ya Uchaguzi yaliyofanywa mwaka 2000 yaliruhusu kile kilichoitwa takrima, yaani ukarimu wa kimila ambao mgombea angeweza kuwafanyia wapiga kura, na ukarimu huo haukuhesabiwa kuwa rushwa. Mahakama Kuu iliyatangua masharti hayo Aprili 2006 katika shauri lililofunguliwa na Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu pamoja na wenzake. Hivyo "Ndio Mzee" ilitoka katikati ya kipindi cha takrima, wakati pilau na kanga vilikuwa na kinga ya sheria. Mgombea wa wimbo anatoa maneno tu. Huenda wasikilizaji wa 2001 walikuwa wepesi zaidi kuliko wa leo kuona kwamba umati unaoitikia hivyo ulikuwa umekwisha kula.

Kejeli ilikuwa pia ngao. Mwimbaji hasemi kwamba wanasiasa ni waongo. Anakuwa mwongo yeye mwenyewe, kwa jina lake mwenyewe, na hakuna kiongozi anayeweza kulalamika bila ya kukiri kwamba amejiona katika kioo. Jambo hili linaonekana wazi zaidi likilinganishwa na yaliyompata Nay wa Mitego mwaka 2017. Wimbo wake "Wapo" uliuliza na kulaumu moja kwa moja. Alikamatwa mkoani Morogoro mwezi Machi, Baraza la Sanaa la Taifa likaufungia wimbo, kisha akaachiwa na wimbo ukaruhusiwa kwa maelekezo ya Rais mwenyewe. Si haki kusema kwamba njia moja ni bora kuliko nyingine. Lawama ya wazi ina ujasiri ambao kejeli haina. Lakini kejeli hudumu hewani kwa muda mrefu zaidi.

4.0 Jibu la "Siyo Mzee"

Professor Jay aliurudia uwanja huo katika "Siyo Mzee", ambamo kiitikio kimegeuzwa na umati unakataa. Kimaudhui wimbo huu unakamilisha ule wa kwanza: wananchi wameamka. Kisanaa haukuufikia. Umati unaokataa kila kitu kwa sauti moja umebadilisha neno, haujabadilisha tabia, na wimbo hauonekani kuitambua hatari hiyo. Ingekuwa vema kusikia sauti mbili zikipishana katika umati uleule, mmoja akisema ndiyo na mwingine akihoji.

5.0 Mikumi

Jimbo la Mikumi linachukua sehemu ya kusini ya Wilaya ya Kilosa. Linafahamika kwa Hifadhi ya Taifa ya Mikumi, iliyoanzishwa mwaka 1964 na inayokatwa na barabara kuu ya kwenda Zambia, lakini wapiga kura hawaishi hifadhini. Wanaishi katika vijiji vinavyopakana nayo, katika mashamba ya miwa ya upande wa Ruhembe na Kidodi, na katika maeneo ya kilimo ambayo wakulima na wafugaji wamegombea ardhi na maji kwa miongo mingi. Wilaya nzima inayakumbuka mauaji ya Rudewa Mbuyuni ya Desemba 2000, ambapo watu 38 walipoteza maisha katika ugomvi wa aina hiyo. Tukio hilo lilitokea wiki chache baada ya uchaguzi uleule ambao "Ndio Mzee" ilikuja kuukejeli. Katika mazingira hayo, ahadi za maji, barabara na bei nzuri ya miwa hazina chuku yoyote. Ni mahitaji ya kawaida kabisa, na ugumu wake kwa mgombea ni kwamba lugha ya kuyaahidi ni ileile ambayo wimbo umekwisha kuichafua.

Miongoni mwa kata za jimbo hilo imo moja inayoitwa Ulaya. Mgombea wa kubuni aliyeahidi kuifanya nchi iwe kama Ulaya alikuja, katika umbo lake la nyama na damu, kuomba kura katika kata yenye jina hilo. Hakuna mtunzi wa tashtiti ambaye angethubutu kubuni jambo kama hilo, maana angeambiwa ametia chumvi.

Je, tukio la 2015 limeufuta wimbo? Yapo mawazo mawili yanayoelekea kuvutia, na yote mawili ni mepesi mno. La kwanza ni kwamba msanii ameisaliti tashtiti yake kwa kuwa kile alichokuwa akikicheka. La pili ni kwamba ameitimiza, kwa kutoka katika maneno na kuingia katika vitendo. Mawazo hayo humchunguza Haule mtu, na yanauacha wimbo palepale. Ukiuchunguza wimbo kwa makini utaona kwamba haukuwa na hukumu yoyote juu ya kugombea. Kosa ulilolishutumu ni la kuahidi pasipo kuulizwa na kuitikia pasipo kuuliza. Kwa kumpa mgombea jina lake mwenyewe, mtunzi alikuwa amejiwekea mtego mapema: alikiri kwamba mtu yeyote, yeye akiwa wa kwanza, akipanda jukwaa lile na kupewa kiitikio kile, ataishia kuahidi mwezi. Kwa hiyo "mimi" wa wimbo hakuwa mtunzi, wala hakuwa mtu mwingine kabisa. Alikuwa mtunzi katika hali ya sharti, mtunzi ambaye angekuwa. Istilahi zetu hazina nafasi ya "-nge-" hiyo, na yafaa ipatikane.

Yapo pia mabadiliko ya jukwaa ambayo hayakutazamiwa na mtu yeyote. Haule aliingia bungeni Novemba 2015. Januari 2016 serikali ilitangaza kwamba televisheni ya taifa ingeacha kuonesha moja kwa moja vikao vyote vya Bunge, na mwaka huohuo mikutano ya hadhara ya vyama ilizuiwa, huku wabunge wakiruhusiwa kuhutubia katika majimbo yao tu. Zuio hilo liliondolewa rasmi Januari 2023. Msanii aliyezoea hadhira ya nchi nzima kupitia kaseti na redio alijikuta, kama mwanasiasa, na hadhira iliyopunguzwa hadi mipaka ya jimbo. Katika fasihi simulizi, fanani na hadhira hutegemeana. Ukiipunguza hadhira umeibadili kazi. Wimbo wake wa 2001 uliendelea kusikika Mwanza na Mtwara bila ya kibali, wakati hotuba zake za 2018 hazikuweza kuvuka mpaka wa Kilosa kwa urahisi huo.

Wakati huohuo utanzu alioukejeli ulikuwa umewameza wenzake. Uta Reuster-Jahn ameonesha jinsi wasanii wa Bongo Fleva walivyotumika katika kampeni za 2005, na kufikia 2015 ilikuwa vigumu kufikiria mkutano mkubwa wa chama chochote kikubwa usio na jukwaa la muziki. Msanii alitangulia kuuchangamsha umati, mgombea akafuata. Kazi ya kiitikio, ambayo katika "Ndio Mzee" ilifanywa na wananchi wa kubuni, sasa ilikuwa na mafundi wa kulipwa. Wapo waliochukua njia ya kugombea wenyewe. Joseph Mbilinyi, yaani Mr. II au Sugu, alitangulia mwaka 2010 Mbeya Mjini, na Hamisi Mwinjuma, yaani Mwana FA, alipata ubunge wa Muheza kwa tiketi ya CCM mwaka 2020. Katika uchaguzi huo wa Oktoba 2020 Mbilinyi na Haule wote walitangazwa kushindwa, katika matokeo ambayo vyama vikuu vya upinzani viliyakataa, na ubunge wa Mikumi ukaenda kwa Dennis Londo wa CCM.

Linabaki suala la ufundishaji. Mwalimu anayeuweka "Ndio Mzee" mbele ya darasa leo anawasomesha vijana ambao wengi wao hawakuwa wamezaliwa ulipotoka, na ambao wamemjua Joseph Haule kwanza kama mbunge wa zamani, ndipo wakamjua kama mfokaji. Kwao jina lililotajwa katika wimbo halina mzaha. Wanalisikia kama kumbukumbu, na wengine huudhania wimbo kuwa wa kampeni yake ya 2015. Kosa hilo lirekebishwe kwa tarehe, si kwa kicheko, kisha liachwe lifanye kazi yake darasani. Njia nzuri ni kuusikiliza wimbo mara mbili: mara ya kwanza wanafunzi wakiandika ahadi, mara ya pili wakiandika ni wakati gani hasa wao wenyewe walianza kuitikia.